Ishango: Siku Moja Mahali pa Mfupa wa Hesabu

Wasomaji wetu wengi wamekwisha kusikia habari za mfupa wa Ishango, na wengine wameuona umechorwa katika vitabu vya shule. Lakini katika Butembo na Beni ni wachache mno waliofika kupatazama mahali penyewe ulipotoka. Mtoto wa kwetu azijua piramidi za Misri kwa picha, huweza hata kutaja majina ya wafalme waliozikwa ndani yake. Ukimwuliza Mto Semliki watokea wapi katika Ziwa Edward, atakutazama tu. Na mahali hapo pamo katika eneo la Beni hilo hilo, si ng'ambo ya bahari.

Basi twapenda kuwasimulia safari tuliyoifanya mwezi wa Agosti mwaka 2011, siku za likizo kubwa. Tulikuwa watu thelathini kasoro wawili: wanafunzi ishirini na wanne wa shule ya sekondari, Padri mmoja aliyewafundisha hesabu, Sista mmoja aliyewaangalia wasichana pamoja na vyungu, dereva, na sisi tunaoandika.

Butembo, kama mjuavyo, ni mji wa milimani, zaidi ya mita 1,700 juu ya bahari, na asubuhi zake ni za ukungu na makoti. Siku iliyotangulia tulikwenda Beni, mwendo wa kilomita 54 hivi, tukalala kwenye misheni. Saa kumi ya usiku Padri akatuamsha kwa Misa, na kabla jua halijachomoza lori lilikuwa limekwisha kuishika njia ya Kasindi. Wasichana waliimba mpaka vumbi lilipowafumba vinywa.

Njia hiyo yaelekea mashariki na kushuka. Mbele yetu, upande wa kushoto, ilisimama milima ya Ruwenzori, ambayo kilele chake chafika mita 5,109. Siku nyingi hujificha mawinguni, lakini asubuhi ile ilijifunua kwa dakika chache, nyeupe kabisa huko juu, na dereva akapunguza mwendo bila kuambiwa. Tukalivuka daraja la Semliki. Nchi ikabadilika: migomba na mihogo ikakoma, nyasi na miti ya miiba ikaanza, na makoti yakavuliwa moja moja. Upande wa Kasindi tukaiacha barabara kubwa, tukageuka kusini kuingia katika Mbuga ya Virunga, iliyowekwa mwaka 1925 kwa jina la Mbuga ya Albert, mfalme wa Wabelgiji wa wakati ule. Humo ndani tukaivuka ikweta, kwa maana Butembo iko kaskazini yake kidogo, na Ishango iko kusini yake kidogo. Wavulana wakataka lori lisimame ili wauruke mstari. Padri akawaambia kwamba mstari huo haukufungwa kamba, kila mmoja auruke moyoni mwake.

Ishango si mji. Ni kituo cha askari wa mbuga, juu ya ukingo mrefu unaoliangalia ziwa. Chini yake maji ya ziwa hujikusanya na kuanza kwenda, polepole kwanza, kisha kwa nguvu, nayo ndiyo Semliki, ambao hupita chini ya Ruwenzori na kumimina katika Ziwa Albert, na kutoka huko maji yale hufuata Nili mpaka Misri. Ndege wa majini walikuwa wengi hata hatukujua tuwatazame wepi, minandi na wari na wengine tusiowajua majina. Viboko walikuwapo pia, lakini haba. Askari aliyetupokea, mtu wa makamo mwenye sauti ya chini, alituambia kwamba baba yake alikuwa akihesabu viboko hapo kama mtu ahesabuye ng'ombe zizini. Naam, katika miaka ya 1970 viboko wa ziwa hili na mito yake walikuwa zaidi ya 20,000. Ilipofika mwaka 2005 hawakutimia hata 1,000, kwa sababu ya vita na bunduki za wenye njaa na wenye tamaa.

Askari huyo ndiye aliyekuwa kiongozi wetu siku ile. Amri zake zilikuwa tatu: tusikaribie maji, tusitengane, tusivunje hata kijiti kimoja. Kisha akatupeleka mpaka mahali ukingo uliposhuka kwa mteremko, akasimama.

“Ni hapa,” akasema.

Tukatazama. Palikuwa na udongo, changarawe, na majani makavu yaliyofika magotini. Hapakuwa na ukuta wala nguzo wala kaburi. Mvulana mmoja, mtoto wa mfanya biashara ya vitambaa, ambaye Padri alikuwa akihangaika naye mwaka mzima kwa ajili ya hesabu, akasema kwa sauti ya kusikika na wote: “Tumetoka Butembo kuja kutazama majani?”

Wenzake wakacheka. Sista akamkazia macho. Lakini kwa kweli alisema lililokuwa moyoni mwetu sote, hata sisi watu wazima, na twaungama hivyo. Askari hakukasirika. Alichuchumaa, akachukua changarawe kidogo kiganjani, akaichambua kwa kidole, akamwonyesha yule kijana kigamba kidogo cha konokono wa majini. “Mzee,” kijana akamwuliza, “maji yalifika huku juu?” Askari akasema, “Yalifika. Ndiyo maana watu walikaa hapa.”

Hapo Padri akaanza kutueleza, nasi tukaketi majanini kumsikiliza.

Mwezi wa Aprili mwaka 1950 alifika hapo Mbelgiji mmoja, mtaalamu wa miamba, jina lake Jean de Heinzelin, kijana ambaye alikuwa hajatimiza miaka thelathini. Akachimba pole pole, tabaka kwa tabaka, kama mtu afunuaye kurasa za kitabu. Chini ya majivu ya volkeno akakuta mabaki ya watu waliokaa pwani ya ziwa: mifupa ya samaki tele, mawe ya kusagia, vyusa vya kuvulia vilivyochongwa kwa mfupa, tena vyenye meno ya kumzuia samaki asichomoke. Akakuta na mifupa ya watu wenyewe. Kwanza alidhani kwamba watu hao walikaa huko miaka isiyofika 10,000 iliyopita. Baadaye, katika miaka ya 1980, wataalamu wengine walirudi wakapima upya, wakaona kwamba umri wake ni miaka 20,000 au zaidi. Wakati huo piramidi ya kwanza ya Misri ilikuwa bado kungojwa kwa miaka elfu kumi na tano na zaidi.

Na katikati ya vitu hivyo vyote kilikuwako kimoja kidogo, ambacho mtu mwenye haraka angalikitupa: mfupa wa rangi ya hudhurungi, urefu wake sentimita 10, wembamba kama kalamu, wenye kipande cha jiwe gumu la kwatsi kilichopachikwa katika ncha moja. Kuuzunguka mfupa huo zimechanjwa alama fupi fupi, zilizopangwa katika safu tatu, na katika kila safu zimekusanywa kwa mafungu.

Padri alikuwa amejitayarisha. Alitoa mfukoni mwake fimbo za mkaratusi, alizozikata Butembo kwa kuwa aliijua amri ya mbuga, akampa kila mwanafunzi moja. Kisu kilikuwa kimoja tu, askari alitaka iwe hivyo, kikawa chapita mkono kwa mkono. Padri akasoma hesabu kutoka katika daftari lake, nao wakachanja.

Safu ya kwanza: 11, 13, 17, 19. Safu ya pili: 11, 21, 19, 9. Safu ya katikati: 3 na 6, kisha 4 na 8, kisha 10, kisha 5 na 5, mwisho 7.

“Jumlisheni,” akasema.

Kazi ya kuchanja si nyepesi, na hapo ndipo tulipoanza kumheshimu mtu yule wa kale, ambaye hakuwa na kisu cha chuma. Alama mia moja sitini na nane katika mfupa mdogo kuliko kidole gumba na shahada vikiungana! Wanafunzi walipojumlisha, wakaona safu ya kwanza ni 60, na ya pili ni 60, na ya katikati ni 48. Pakawa kimya kidogo. Kisha msichana mmoja akasema, “Padri, safu ya kwanza yote ni namba tasa.” Na mwingine, “Katikati anazidisha kwa mbili: 3 kwa 6, 4 kwa 8. Halafu 10 anaigawa, 5 na 5.” Yule mtoto wa mfanya biashara alikuwa bado ameinama juu ya fimbo yake. Mara akainua kichwa: “Ya pili ni kumi kuongeza moja, ishirini kuongeza moja, ishirini kupunguza moja, kumi kupunguza moja.” Mwaka mzima Padri hakupata kumsikia akijibu bila kuulizwa.

Padri akawaonya wasikimbilie kuamini kila jambo. De Heinzelin mwenyewe aliona ndani ya mfupa dalili za mchezo wa hesabu, akadhani hata kwamba elimu hiyo ilishuka na Nili mpaka Misri. Jambo hilo halijathibitika. Mmarekani Alexander Marshack alifikiri kwamba ni kalenda ya mwezi, kwa sababu sitini ni karibu siku za miezi miwili, na arobaini na nane ni mwezi mmoja na nusu hivi. Wengine husema kwamba mtu aweza kuchanja 11, 13, 17 na 19 bila kujua lolote juu ya namba tasa; na wengine, kwamba alama zile ni za kuzuia mkono usiteleze. Sisi si wataalamu. Lakini twaona kwamba mtu atakaye kuzuia mkono usiteleze hana haja ya kupanga mafungu, wala ya kuyafanya mafungu ya pande mbili yalingane sitini kwa sitini. Huyo alikuwa akihesabu kitu. Huenda ni siku, huenda ni samaki, huenda ni madeni. Katika Butembo, mji wa biashara, hilo la madeni ndilo lililokubaliwa na wengi.

Tusidai kupita kiasi. Hatuwezi kusema kwamba watu wa Ishango walikuwa Wanande. Wazee wetu husimulia kwamba babu zetu walitoka upande wa mashariki wakauvuka Semliki, na hayo ni mambo ya karne chache tu. Kati yao na mwenye mfupa ule kuna vizazi ambavyo hakuna mzee awezaye kuvitaja. Walakini alikuwa mtu wa nchi hii, alikunywa maji haya. Tena hakuwa wa kwanza. Padri alitunyoshea mkono upande uendako mto: huko Katanda, kando ya Semliki hiyo hiyo, wataalamu Alison Brooks na John Yellen walichimbua vyusa vingine vya mfupa, ambavyo mwaka 1995 walivitangaza kuwa na umri wa miaka 90,000 hivi. Pamoja navyo palikuwa na mifupa ya kambare wakubwa. Yaonekana watu walikuja majira ya mvua, kambare wanapopanda maji haba kutaga mayai, wakawachoma. Mtu ajuaye kurudi mtoni kwa majira yake lazima aweke hesabu ya miezi, kichwani au mahali pengine.

Msichana yule aliyeziona namba tasa alikuwa na neno lingine, na alilingoja mpaka wenzake walipoanza kutawanyika kwa chakula. “Padri,” akasema, “ukihesabu vizazi tangu Adamu katika Biblia, havifiki miaka hiyo.”

Twajua kwamba swali hili huwasumbua vijana wengi, tena huogopa kuliuliza. Padri hakumkemea. Alimwambia kwamba Kitabu cha Mwanzo hakikuandikwa ili kupimia umri wa mawe, bali kutufundisha ni nani aliyetuumba na kwa nini. Akamkumbusha kwamba mwaka ule ule wa 1950 De Heinzelin alipokuwa akichimba hapo, tarehe 12 Agosti, Papa Pius XII alitoa barua yake iitwayo Humani Generis, ambamo hakuwakataza wenye elimu kuchunguza mwili wa mwanadamu ulitoka wapi, mradi tushike imani kwamba roho huumbwa na Mungu mwenyewe. Akamtaja na Padri Henri Breuil, Mfaransa aliyekufa mwaka 1961, ambaye alitumia maisha yake mapangoni akichunguza michoro ya watu wa kale, na hakuacha upadri wake kwa ajili hiyo.

Msichana akafikiri. “Basi mwenye mfupa huu alikuwa na roho kama yangu?”

“Alikuwa nayo, mwanangu.”

“Na wale waliokutwa wamezikwa hapa?”

“Na wao.”

“Mbona hatukuwaombea?”

Padri akamtazama Sista, Sista akainamisha kichwa. Wakaitwa wote, na wale waliokwisha kutia ugali mkononi wakaurudisha sahanini. Tukasimama katika majani yale yale tuliyoyacheka, tukasali sala ya marehemu kwa ajili ya watu ambao hatujui hata walivyoitwana. Askari akavua kofia. Tumesali makaburini mara nyingi, lakini sala ile hatujaisahau.

Baada ya chakula, samaki na sombe iliyopikwa na Sista tangu usiku, yule mvulana wa vitambaa akauliza: “Na mfupa wenyewe uko wapi? Tuuone.”

Uko Bruxelles, katika taasisi ya kifalme ya elimu ya viumbe, pamoja na mfupa wa pili wenye alama uliopatikana Ishango baadaye. De Heinzelin aliupeleka huko wakati wa ukoloni, na huko umekaa, hata baada ya yeye kufariki mwaka 1998. Askari alisema kwamba yeye ameilinda Ishango miaka mingi, na ule mfupa ameuona kwa picha tu, kama wao.

Wanafunzi wakagawanyika, na njiani kurudi walibishana mpaka darajani. Wengine walisema: urudi, ni wetu. Wengine: utarudi wapi, katika nchi ya vita, nani atauangalia? Sisi tulinyamaza siku ile. Leo twasema kwamba neno la pili si la kudharauliwa, lakini halimfanyi mwenye mali kuwa mgeni wa mali yake. Mwaka 2022 Ubelgiji ilikabidhi Kinshasa orodha ya vitu 84,000 hivi vilivyochukuliwa Kongo, na mwezi wa Juni mwaka huo mfalme Philippe akaleta mwenyewe kinyago kimoja kikubwa cha Wasuku, tena kwa njia ya mkopo usio na mwisho. Mtu kukopeshwa kinyago cha babu yake ni jambo la ajabu kidogo. Lakini mlango umefunguliwa. Na hata kabla mfupa haujarudi, nakala njema ya kushikwa kwa mkono yastahili kuwapo karibu na watoto. Butembo ina Chuo Kikuu Katoliki cha Graben tangu mwaka 1989, na shule nyingi za parokia. Mahali pa kuiweka hapakosekani.

Safari kama ile hatukuifanya tena. Wasomaji wa Beni hawana haja ya kuelezwa kwa nini. Tangu Oktoba 2014 watu wasio na hatia wameuawa kwa mapanga na bunduki katika vijiji vya Beni, mwaka baada ya mwaka. Kati ya 2018 na 2020 ukaja ugonjwa wa Ebola. Mei 2021 Kivu Kaskazini ikawekwa chini ya utawala wa kijeshi, na njia ya Kasindi, ile tuliyoipita tukiimba, ikawa njia ya kuvizia magari. Dereva wetu, yule aliyepunguza mwendo ili watoto waione theluji, aliuawa katika njia hiyo mwaka huo huo, pamoja na lori lake kuchomwa. Askari wa mbuga ya Virunga waliokufa kazini wamezidi 200. Yule wa Ishango hatujapata habari zake. Mzazi akituuliza leo kama awapeleke watoto, twamwambia aulize kwanza watu wa njiani na wakuu wa mbuga, na wakisita, abaki nyumbani.

Lakini mvulana wa vitambaa hakuuza vitambaa. Amekuwa mwalimu wa shule ya msingi huko Butembo, naye afundisha hesabu. Mwaka jana tulimtembelea darasani. Fimbo yake ya mkaratusi, iliyokwisha kuwa nyeusi kwa mikono ya watoto, ilikuwa imetundikwa ukutani kwa uzi, karibu na msalaba. Kila mwaka awatoa wanafunzi nje, huwaketisha majanini nyuma ya darasa, awaambia habari za ziwa na vyusa na kambare, kisha huwapa vijiti na hesabu za kuchanja.

Siku tuliyofika, mtoto mmoja alikuwa amepata 60 katika safu ya kwanza na 59 katika ya pili. Alikuwa amekasirika, ashikilia kwamba mtu wa Ishango ndiye aliyekosea. Mwalimu akaitungua fimbo ukutani, akampa, akamwambia aanze tena kwa kidole, kutoka ile kumi na moja.